Jinsi ya Kuitambua Miungu ya Ugiriki ya Kale katika Sanamu na Vyombo Vilivyochorwa

Katika Makumbusho ya Taifa ya Akiolojia mjini Athens imesimama sanamu ya shaba ya mwanamume mwenye ndevu, aliyetanua miguu, mkono wake wa kushoto ukiwa umenyooka mbele kama unaolenga shabaha na wa kulia ukiwa umerudishwa nyuma tayari kurusha kitu. Ina urefu wa mita 2.09 na ilitengenezwa karibu mwaka 460 KK. Iliopolewa baharini karibu na rasi ya Artemision, kaskazini mwa kisiwa cha Euboea, mkono mmoja mwaka 1926 na sehemu kubwa ya mwili mwaka 1928, lakini kile kilichokuwa katika kiganja cha kulia hakikupatikana. Kama kilikuwa radi, huyo ni Zeus, mfalme wa miungu. Kama kilikuwa chusa chenye meno matatu, huyo ni Poseidon, mungu wa bahari. Uso wake umehifadhika vizuri, tena ni uso wa kupendeza sana, lakini haumsaidii mtu kuchagua, kwa kuwa wachongaji waliwapa ndugu hao wawili ndevu zile zile, paji lile lile na utulivu ule ule. Wataalamu wengi humwelekea Zeus, kwa sababu mpini mrefu wa chusa ungepita mbele ya uso na kuuziba, na kwa sababu zipo sanamu ndogo za shaba zinazomwonyesha Zeus akiwa na radi katika mkao huo huo.

Mwongozo huu umejengwa juu ya fundisho la sanamu hiyo. Mungu wa Wagiriki hutambuliwa kwa alichoshika, alichovaa, alioandamana nao na anachotenda, na uso huja mwisho kabisa. Anayezoea kutazama kwa utaratibu huo ataweza kusimama mbele ya mtungi asiouona kabla na kusema kwa uhakika ni nani aliyechorwa, na vilevile atajua ni wakati gani haki inamtaka aseme kwamba ushahidi hautoshi. Kanuni ninayomsihi msomaji aishike tangu mwanzo ni kutoamua kwa alama moja. Tafuta alama mbili zinazokubaliana, na ukizipata tatu, jina limekwisha kupatikana.

Anza na mikono

Jicho la mtazamaji huvutwa na uso, kwa hiyo inabidi kulizuia kwa makusudi na kulipeleka kwenye mikono. Zeus hushika radi, ambayo wachoraji waliichora kama kichane kilichochanua pande zote mbili, au hushika fimbo ndefu ya kifalme, na tai huwa karibu naye. Poseidon hushika chusa, na mara nyingine samaki au pomboo katika mkono wa pili. Apollo ana upinde au kinubi, na mara nyingi tawi au taji la mlaureli. Dada yake Artemis, mungu wa uwindaji, ana upinde na podo, pamoja na paa. Hephaestus ana nyundo na koleo za mhunzi. Demeter ana masuke ya ngano au mwenge, kwa kuwa alimtafuta binti yake Persephone usiku na mchana akiwa na mienge mikononi. Heracles, ambaye alizaliwa binadamu na kupokewa miongoni mwa miungu baada ya kufa, ana rungu na upinde, na ngozi ya simba aliyemuua Nemea huwa imemfunika kichwa, meno ya mnyama yakizunguka paji la uso wake.

Athena anastahili maneno zaidi, kwa sababu yeye ndiye rahisi kuliko wote kumtambua na ndiye anayefaa kumfundishia mwanafunzi. Ana chapeo, mkuki na ngao, lakini alama yake ya hakika ni vazi la kifuani liitwalo aigisi, lenye magamba, pindo la nyoka wanaojikunja na, katikati, kichwa cha Gorgo, jitu la kike lenye nywele za nyoka, kinachomkodolea macho mtazamaji. Mwanamke mwenye chapeo na mkuki peke yake anaweza kuwa Mwamazoni, mmoja wa wanawake wapiganaji wa hadithi. Mwenye aigisi ni Athena. Sanamu yake kubwa ndani ya Parthenon, hekalu lake mjini Athens, kazi ya mchongaji Pheidias iliyowekwa wakfu mwaka 438 KK, ilikuwa ya dhahabu na pembe za ndovu, na ilimshikilia Nike, mungu wa ushindi, katika kiganja cha kulia. Sanamu yenyewe ilipotea zamani, lakini nakala ndogo za marumaru zimebaki, na kutoka kwazo tunajua kwamba nyoka alijikunja karibu na ngao yake. Ndege wake ni bundi. Katika sarafu za fedha za Athens kichwa cha Athena kiko upande mmoja na bundi upande wa pili, pembeni pakiwa na herufi tatu ΑΘΕ, mwanzo wa jina la mji.

Hera, mke wa Zeus, ni mgumu zaidi kuliko cheo chake kinavyoahidi. Ana taji na fimbo ya kifalme, na mara nyingi huinua pembe ya shela yake kwa vidole, ishara ya mwanamke aliyeolewa. Tausi, ambaye watu wengi humtafuta, alikuja kuzoeleka baadaye, na katika vyombo vya karne ya 6 na ya 5 KK haifai kumtegemea. Ares, mungu wa vita, naye huchorwa kama askari wa kawaida mwenye silaha kamili, kiasi kwamba asipoandikwa jina au asipokuwa karibu na Aphrodite, mungu wa mapenzi, ni afadhali kutomtaja. Hestia, mlinzi wa meko, ni nadra sana kuonekana.

Kisha tazama kichwa, miguu na rangi ya ngozi

Hermes, mjumbe wa miungu, hujulikana kwa juu na kwa chini: kofia pana ya msafiri, ambayo mara nyingine huning'inia mgongoni, na buti zenye mabawa madogo. Mkononi ana kerikeioni, fimbo ya mjumbe, ambayo kileleni imepindwa kama duara lililofungwa na jingine lililoachwa wazi juu yake, na baadaye maumbo hayo yakageuzwa kuwa nyoka wawili. Hapa ndipo kosa moja la kawaida hutokea. Fimbo yenye nyoka mmoja ni ya Asclepius, mungu wa uganga, mzee mwenye ndevu anayeiegemea kwa kwapa, ambaye hekalu lake mashuhuri lilikuwa Epidaurus. Hesabu nyoka kabla ya kusema jina.

Dionysus, mungu wa divai, ana taji la majani ya mmea utambaao au la mzabibu, kikombe chenye mikono miwili iliyoinuka, na thirso, yaani ufito mrefu uliofungwa majani kileleni. Anaweza kuvaa ngozi ya chui. Ndevu zake zinahitaji uangalifu. Katika vyombo vya karne ya 6 KK yeye na Hermes ni wanaume wazima wenye ndevu ndefu, lakini kadiri karne ya 5 inavyosonga mbele wote wawili wanakuwa vijana, na kufikia karne ya 4 sanamu ya marumaru iliyochimbuliwa mwaka 1877 katika hekalu la Hera huko Olympia inamwonyesha Hermes kama kijana laini asiye na ndevu, akiwa amempakata Dionysus mchanga. Kwa hiyo usimkatae Hermes kwa sababu ana ndevu, wala usimkubali kwa sababu hana. Uliza kwanza chombo ni cha wakati gani. Apollo ndiye asiyebadilika: karibu siku zote ni kijana asiye na ndevu, mwenye nywele ndefu.

Wakati wa chombo unaweza kukadiriwa kwa mtindo wa uchoraji. Katika mtindo wa kwanza, ulioanzia Korintho katika karne ya 7 KK na kustawishwa Athens, watu ni weusi juu ya udongo wenye rangi ya chungwa, na mistari ya ndani imekwaruzwa kwa ncha kali. Karibu mwaka 530 KK mafundi wa Athens waligeuza utaratibu, wakapaka weusi nyuma na kuwaacha watu katika rangi ya udongo wenyewe, wakichora mistari kwa brashi. Tofauti hii ina faida nyingine kwa anayetafuta majina: katika mtindo wa watu weusi wanawake walipakwa ngozi nyeupe, kwa hiyo hata katika msongamano wa vita Athena anaonekana mara moja kwa mkono na uso mweupe kati ya askari weusi. Katika mtindo wa pili msaada huo haupo, na mtazamaji anapaswa kurudi kwenye mavazi na silaha.

Wale wanaochanganywa

Perseus, shujaa aliyemkata kichwa Gorgo aitwaye Medusa, na Hermes huchanganywa kwa sababu wote wawili wana viatu vyenye mabawa na kofia. Perseus hana fimbo ya mjumbe. Ana upanga uliopinda kama mundu, na mfuko begani wa kutilia kichwa cha Medusa, naye mara nyingi hugeuza uso wake pembeni asimtazame. Medusa na dada zake hutazama mbele moja kwa moja, midomo wazi, ulimi nje, jambo ambalo wachoraji wa Kigiriki, waliozoea kuchora nyuso za upande, walilifanya mara chache kwa viumbe wengine.

Heracles na Theseus, shujaa wa Athens, wote hupambana na wanyama na majambazi. Theseus ni kijana asiye na ndevu, mwenye upanga, na adui yake anayemtambulisha ni Minotauro, mtu mwenye kichwa cha fahali. Heracles karibu siku zote ana ndevu katika vyombo vya kale. Ukikuta mtu amebeba nguruwe mwitu mkubwa begani, na mfalme amejificha ndani ya mtungi mkubwa uliozikwa ardhini akiwa ameinua mikono kwa hofu, huna haja ya kutafuta ngozi ya simba: huyo ni Heracles akimpelekea Eurystheus nguruwe wa Erymanthus.

Helios, jua, hakuwa Apollo katika sanaa ya nyakati hizo. Helios ana miale kichwani na gari la farasi wanne, na katika pembe ya kushoto ya pembetatu ya chini ya paa, upande wa mashariki wa Parthenon, farasi wake wanachomoza kutoka baharini, wakati farasi wa Selene, mwezi, anazama amechoka katika pembe ya kulia. Kuwaunganisha Apollo na jua ni jambo lililokua baadaye, na anayelipeleka nyuma hadi karne ya 6 atapotea.

Mabawa, kwato na mikia

Mabawa peke yake hayamtambulishi mtu yeyote. Eros ana mabawa, Nike ana mabawa, Iris mjumbe ana mabawa na tena hushika fimbo kama ya Hermes. Ili kuwatenganisha, tazama wanafanya nini. Nike huleta taji au utepe kwa mshindi, au humimina kinywaji cha sadaka. Eos, mungu wa alfajiri, humkimbilia kijana anayempenda: akiwa na kinubi kijana huyo ni Tithonus, akiwa mwindaji ni Cephalus; na mwanamke mwenye mabawa aliyebeba maiti ya askari uchi mikononi ni Eos huyo huyo akimwombolezea mwanawe Memnon aliyeuawa na Achilles, shujaa wa Wagiriki katika vita vya Troya. Mwanamume mwenye mabawa na nywele zilizotimka anayemnyakua msichana ni Boreas, upepo wa kaskazini, na msichana ni Oreithyia, binti wa mfalme wa Athens.

Kwa viumbe mchanganyiko, hesabu sehemu za mwili. Sfinksi ana kichwa cha mwanamke, mwili wa simba na mabawa. Sireni katika sanaa ya kale ni ndege mwenye kichwa cha mwanamke, hana mkia wa samaki. Sentauri ni mtu kiunoni kwenda juu na farasi chini, ila Chiron, mlezi wa Achilles, ambaye katika vyombo vingi vya kale alipewa miguu ya mbele ya binadamu na joho la heshima, na begani hubeba tawi lenye mawindo yaliyoning'inizwa. Naona katika miguu hiyo heshima ya kweli ya mchoraji, aliyetaka mwalimu wa mashujaa asifanane na sentauri walevi waliovuruga harusi ya Walapithi, watu wa kabila moja la hadithi. Satiri wa Wagiriki, wafuasi wa Dionysus, wana masikio na mkia wa farasi. Miguu ya mbuzi ni ya Pan, na satiri wote wenye miguu ya mbuzi ambao watu wanawakumbuka walitoka katika sanaa ya baadaye.

Soma maandishi, lakini ujue yanasema nini

Mafundi wa Athens mara nyingi waliandika majina pembeni ya watu waliowachora, na huo ndio ushahidi bora kuliko wote. Yanahitaji mazoezi kidogo tu. Maandishi yanaweza kwenda kutoka kulia kwenda kushoto, hasa pale mtu aliyetajwa anapotazama upande huo. Mpaka mwisho wa karne ya 5 KK Athens ilitumia alfabeti yake yenyewe, ambamo herufi Η ilikuwa sauti ya “h”, na Ε moja ilitosha kwa “e” fupi na ndefu. Kwa hiyo jina la Hermes huonekana ΗΕΡΜΕΣ. Katika alfabeti hiyo umbo lililofanana na Λ lilisomwa “g”, na “l” iliandikwa kwa umbo lililofanana na L ya Kilatini. Mtu aliyejifunza Kigiriki kwa vitabu vya kisasa pekee atasoma majina vibaya asipolijua hilo.

Yako pia maandishi yasiyo majina ya waliochorwa. Neno ΚΑΛΟΣ linalofuata jina lina maana ya “ni mzuri”, na ni sifa kwa kijana fulani wa Athens wa wakati wa mchoraji, asiyehusika na hadithi hata kidogo. Neno lenye maana ya “alichora” au “alitengeneza” ni sahihi ya mchoraji au mfinyanzi. Na mara nyingine neno linataja kitu tu. Mtungi maarufu uliofinyangwa na Ergotimos na kuchorwa na Kleitias karibu mwaka 570 KK, ambao sasa uko Makumbusho ya Akiolojia ya Florence, una zaidi ya watu na wanyama 200 na zaidi ya maneno 100, na miongoni mwa maneno hayo yamo yanayotaja chemchemi, mtungi wa maji na kiti. Mtungi huo ulivunjwa mwaka 1900 na mlinzi wa makumbusho aliyeutupia kigoda, ukawa vipande 638, kisha ukaungwa tena kwa subira kubwa. Nawashukuru waliofanya kazi hiyo kila ninapoutazama, kwa sababu hakuna chombo kingine kinachomfundisha mwanafunzi majina mengi hivyo kwa pamoja.

Tazama tendo na waliopo

Katika mtungi huo huo wa Kleitias kuna msafara wa miungu unaomrudisha Hephaestus Olympus, mlima wa miungu. Kisa kinafafanua kila alama. Hera alimtupa mwanawe kutoka mbinguni. Hephaestus akalipiza kwa kumpelekea kiti cha enzi chenye vifungo visivyoonekana, naye Hera akanaswa humo. Ares alijaribu kumleta Hephaestus kwa nguvu akashindwa. Dionysus akamlewesha kwa divai na kumpandisha juu ya mnyama wa kubeba mizigo, na ndiyo sababu mpanda nyumbu au punda anayesindikizwa na Dionysus na masatiri ni Hephaestus hata asiposhika nyundo. Kleitias akampa mguu uliopinda, akamweka Ares ameinama kwa aibu juu ya kigoda kifupi, na Athena akimtazama nyuma ya bega lake. Anayekijua kisa hiki ataona kwamba watu wote wanaelezana, kila mmoja akithibitisha jina la mwenzake.

Hivyo, baada ya mikono na mavazi, jiulize ni tukio gani. Baadhi ya matukio yana umbo lisilosahaulika. Wanawake watatu wakitembea mmoja nyuma ya mwingine, wakiongozwa na Hermes kuelekea kwa kijana, ni Hera, Athena na Aphrodite wakienda kuhukumiwa uzuri na Paris, mwana wa mfalme wa Troya. Ukimpata Athena kwa aigisi yake, waliobaki ni wawili tu. Mtu mdogo mwenye silaha akichomoza kichwani mwa mwanamume aliyeketi ni Athena akizaliwa na Zeus, na mwenye shoka pembeni ni Hephaestus aliyekipasua kichwa hicho. Kijana aliyeketi katika gari lenye mabawa magurudumuni, akiwa na masuke, ni Triptolemus wa Eleusis, aliyetumwa kuwafundisha watu kulima nafaka, na wanawake wawili waliosimama mbele na nyuma yake ni Demeter na Persephone. Mtu aliyejilaza ndani ya mashua, mzabibu ukipanda juu ya mlingoti na pomboo saba wakizunguka, ni Dionysus katika kikombe cha Exekias kilichoko Munich, cha karibu mwaka 530 KK. Hakuna jina lililoandikwa karibu naye, wala halihitajiki, kwa kuwa utenzi wa kale unasimulia jinsi maharamia waliomteka walivyojitupa baharini wakageuka pomboo.

Mahali na waliotengeneza upya

Mambo mawili yanaweza kubatilisha yote yaliyotangulia. La kwanza ni mahali. Mungu mmoja alikuwa na umbo tofauti katika mji tofauti, na Artemis wa Efeso, katika nchi ya Uturuki ya leo, hana upinde wala hakimbii na paa; amesimama wima kama nguzo, vazi lake limejaa wanyama na kifuani ana safu za maumbo ya mviringo. Anayemtafuta mwindaji hatamwona.

La pili ni matengenezo ya baadaye. Sanamu nyingi za marumaru zilizoko Roma na kwingineko ni nakala za enzi ya Warumi, na zilipofukuliwa zikiwa hazina mikono, wachongaji wa karne ya 16 hadi ya 19 waliziongezea mikono mipya pamoja na vitu walivyodhani vilikuwamo. Kwa hiyo kabla ya kutegemea tofaa, kinubi au fimbo, tafuta mstari wa kuungia na tofauti ya rangi ya jiwe. Aphrodite wa Melos, aliyepatikana mwaka 1820 na kuwekwa Louvre, aliachwa bila mikono, na nakubaliana kabisa na uamuzi huo. Pia zingatia kibao cha maelezo: makumbusho ya zamani mara nyingi huandika Jupiter, Juno, Neptune, Minerva au Venus, majina ya Kirumi, hata chini ya kazi ya Kigiriki. Yabadilishe kichwani mwako kuwa Zeus, Hera, Poseidon, Athena na Aphrodite kabla ya kuendelea.

Mazoezi mawili

Pazuri pa kujipima ni ukanda wa michongo wa upande wa mashariki wa Parthenon, uliochongwa kati ya mwaka 442 na 438 KK, ambao vipande vyake vingi viko London na kimoja kizuri sana kiko Athens. Miungu 12 imeketi, nayo imechongwa mikubwa kuliko wanadamu waliosimama karibu nayo, kiasi kwamba vichwa vyote viko katika kimo kimoja. Hakuna jina, na alama zimepunguzwa kwa upole, kwa hiyo kila moja inabidi itafutwe. Aliyeketi kwenye kiti cha enzi wakati wengine wana vigoda ni Zeus. Anayemgeukia huku akiinua shela ni Hera. Mwenye kofia ya msafiri juu ya goti ni Hermes, na kijana anayemwegemea ni Dionysus. Mwenye mwenge ni Demeter. Anayekumbatia goti lake kwa mikono miwili bila utulivu ni Ares. Athena amevua aigisi na kuilaza mapajani, na mzee wa upande wake aliyejitegemeza kwa fimbo kwapani ni Hephaestus mlemavu. Poseidon anazungumza na Apollo, na baada yao Artemis ameshikana mkono na Aphrodite, ambaye hutambuliwa kwa mtoto mwenye mabawa anayeegemea goti lake, Eros. Jaribu kulifanya zoezi hili kwa picha, ukifunika maelezo, na urudie mpaka majina yote 12 yaje kwa sababu zake.

Zoezi la pili ni bakuli kubwa la kuchanganyia divai lililochorwa na Euphronios na kufinyangwa na Euxitheos karibu mwaka 515 KK, ambalo Marekani ililirudisha Italia mwaka 2008 na sasa liko Cerveteri. Katikati kuna maiti kubwa ya mwanamume uchi, damu ikimtoka majerahani. Wanaume wawili wenye ndevu, wenye silaha na mabawa, wanamwinua, mmoja kichwani na mwingine miguuni. Nyuma yao amesimama mtu mwenye kofia ya msafiri, viatu vyenye mabawa na kerikeioni. Huyo wa mwisho hana utata: ni Hermes, ambaye pamoja na ujumbe ana kazi ya kuwaongoza wafu. Wenye mabawa wawili wanaofanya kazi moja bila kupigana na yeyote hawawezi kuwa Eros wala Boreas; katika Iliad, utenzi wa Homer juu ya vita vya Troya, kitabu cha 16, Zeus anaagiza Usingizi na Kifo, ndugu mapacha, wambebe mwanawe Sarpedon aliyeuawa na Patroclus na kumpeleka nyumbani kwake Lycia. Majina Hypnos, Thanatos na Sarpedon yaliyoandikwa yanathibitisha. Lipo pia jina Leagros, lakini linafuatwa na ΚΑΛΟΣ, basi huyo hayumo katika picha.

Kisha linganisha picha na shairi. Ndani ya Iliad anayeamrishwa kuuosha mwili na kuukabidhi kwa ndugu hao ni Apollo, na Hermes hatajwi kabisa katika tukio hilo. Msomaji wa shairi anayekuja akiwa na jibu tayari atamwita yule aliyesimama nyuma yao Apollo. Anayetazama fimbo na viatu atasema Hermes, na atakuwa ameona kile ambacho Euphronios aliamua mwenyewe kukiweka pale.